Dawa ya Kasi

Kipindi kile simu ya zahanati ikiita, nilianza kukasirika kabla sijapokea. Nilikuwa najua kitakachosemwa. "Dada fundi, mtandao umekata tena." Tena! Utadhani mimi ndiye niliyekaa mahali na panga nakata. Na kwa kuwa nilikuwa nimepanga mtaa huohuo, ng'ambo tu ya barabara, hata kisingizio cha umbali sikuwa nacho. Naacha ugali unapoa, nabeba begi langu, navuka, naingia, na nikifika mtandao unafanya kazi vizuri kabisa. Dada wa mapokezi ananitazama kwa aibu. Wagonjwa kwenye benchi wananitazama kama tapeli. Narudi kwangu, nanawa mikono, namega tonge la kwanza, simu inaita.

Siku moja walinipigia nikiwa Kagongwa, nimepanda ngazi nafunga kamera kwenye mashine ya kukoboa mpunga, vumbi la pumba limenijaa puani. Nikawaambia nisubirini. Mganga mwenye zahanati akachukua simu mwenyewe, akaniuliza kwa ule upole wake wa kuudhi, "Hivi hakuna fundi mwanaume unayemfahamu, akusaidie?" Nilimkatia. Nilishuka ile ngazi kwa hasira nusura nivunje mguu.

Lakini acha nieleze kwanza ule waya ulivyotufikia, maana bila hivyo mtaniona mimi ndiye mkorofi.

Mtaa wetu uko kwenye mji wa wachimbaji, upande wa Geita, umekaa bondeni, huku vifusi vya mashimo ya zamani, huku kilima. Data za simu pale ni za kuombea dua. Unasimama juu ya tofali, unanyoosha mkono hewani, ujumbe unakwenda au hauendi. Kampuni ya mtandao ilipoleta waya, ikaishia barabara kuu, ikasema inatosha. Watu wa mtaa hawakukubali. Chama chetu cha kuzikana kikakaa kikao, kikaamua kila nyumba itoe nguzo au itoe nguvu. Kuchimba mashimo ndiyo kazi wanayoijua kuliko watu wote duniani. Wanaume wasiokuwa na zamu walitoka na sululu, na nguzo za mikaratusi zikasimama mpaka kwenye ukuta wa zahanati. Pale ukutani tukafunga sanduku la chuma, ndani yake ruta na swichi, na kutoka hapo nyaya zikagawanywa kwa majirani: fundi cherehani, gesti, ofisi ya kwaya, na jamaa mwenye laibrari ya muvi, kile kibanda unachopeleka flashi yako ukajaziwa sinema zilizotafsiriwa.

Mimi ndiye niliyefunga. Na nilisema siku ileile, mbele za watu, kwamba zahanati ipewe njia yake peke yake, wengine wachangie yao. Mwenyekiti wa chama, mzee aliyewahi kuwa mfanyabiashara wa ng'ombe minadani, akacheka mpaka akashika kiuno. "Mwanangu, lambo ni moja. Ukimchimbia ng'ombe mmoja lambo lake, wale wengine utawaambia nini?" Watu wakapiga makofi. Nami nilikuwa mgeni pale, mtoto wa Kishapu, nimekulia karibu na Songwa, na mgeni hata akiwa na hoja ataambiwa karibu chai. Nikanywa chai yao, nikafunga waya wao kama walivyotaka.

Kusumbuliwa ningekuvumilia. Kilichokuwa kinanichoma roho ni mama mmoja muuza dagaa. Alikuwa anawafuata Nkome, kule ziwani, anarudi na magunia, anauza kwa kopo pale njia panda. Watu walimwita kwa jina la binti yake, kama ilivyo kawaida, na binti mwenyewe alikuwa na selimundu. Mtoto mdogo, ndio kwanza ameanza shule, akishikwa na maumivu ya mifupa analia mpaka sauti inakauka. Pale zahanati walimfahamu vizuri. Tatizo alitibiwa kwa kadi ya bima, na kadi haikubali mpaka mtoto aweke kidole kwenye kimashine na kompyuta ya mapokezi iulize makao makuu kama kweli ni yeye. Maumivu, mganga aliyatuliza mwenyewe bila kungoja kadi, hapo simsingizii. Lakini damu ya mtoto ikishuka, lazima apelekwe hospitali kubwa akaongezwe nyingine, na rufaa inatoka kwenye mfumo huohuo. Mtandao ukikata, hakuna rufaa. Akienda bila rufaa, kule anaanza upya kama mtu asiye na bima, na kopo la dagaa haliwezi kulipia hayo.

Nimemwona mara nyingi mno kwenye lile benchi, mtoto mapajani, macho kwenye kioo cha kompyuta, anakitazama kile kiduara kinachozunguka. Hakuwahi kunilaumu. Afadhali angenilaumu. Siku mtoto akiwa na nafuu alikuja kuchuchumaa karibu na miguu yangu, ananiuliza vile vitaa vya kijani kwenye swichi vinaongea nini.

Siku niliyoukamata ule ugonjwa ilikuwa mchana, zahanati imejaa. Nilivuta kiti cha plastiki nikakaa nyuma ya dada wa mapokezi, nikamwambia, "Leo sitoki hapa mpaka nimwone huyo shetani." Haukupita muda, kiduara kikaanza kuzunguka. Nikafungua lile dirisha jeusi la kuandikia amri, nikaiambia kompyuta inionyeshe majirani inaowafahamu.

Jambo lenyewe si gumu, na sijui kwa nini nililieleza mtaa mzima bila kueleweka. Kila mashine kwenye mtandao ina namba mbili. Moja inapewa na ruta, na inaweza kubadilika. Nyingine imetoka nayo kiwandani. Kompyuta ikitaka kutuma kitu nje, lazima ijue namba ya kiwandani ya ruta, maana ruta ndiyo lango la kutokea. Basi inapaza sauti kwenye waya: lango ni nani? Ruta inajibu: ni mimi, na namba yangu ya kiwandani ni hii hapa. Kompyuta inaandika, inaamini, kazi inaendelea. Haiombi kitambulisho, haimuulizi balozi wa mtaa. Na ubaya zaidi, mashine nyingine yoyote iliyoko kwenye waya uleule ikisema "lango ni mimi," hata kama hakuna aliyeiuliza, kompyuta inafuta jibu la kwanza na kuandika la pili. Ni kama nesi aite kwenye benchi "mwenye kadi hii nani?" halafu amchome sindano yeyote anayesimama. Mwongo wa namna hiyo akipenda, anapokea mambo yako yote, anayasoma, kisha anayapeleka langoni kana kwamba hakuna kilichotokea. Akipenda, anayapokea na kuyatupa. Akiyatupa, wewe unaona mtandao umekata, na fundi akiikagua ruta haoni kosa lolote, na mganga anauliza kama hakuna fundi mwanaume.

Nikatazama kioo. Lango lilikuwa na namba ya kiwandani ambayo si ya ruta yetu. Ya ruta yetu nilikuwa naijua kwa kichwa. "Loo! Kumbe kuna mtu!" nilisema kwa sauti mpaka benchi zima likageuka. Nikaiuliza tena kompyuta. Lango likawa na namba nyingine. Nikauliza tena. Nyingine. Hapo ndipo nilipochanganyikiwa, maana mwongo mmoja ningemwelewa. Hawa walikuwa wanapokezana.

Mganga akatoka chumbani kwake na glovu mkononi. "Wanatuibia?"

"Hawaibi. Wanatukata."

"Basi si wezi," akasema, akarudi ndani. Khaa! Nilitamani kumrushia kiti.

Nikaanza kupita mlango kwa mlango. Kwa fundi cherehani nilikuta laptopu yake mezani kati ya vitenge, anawaonyesha wateja mitindo, na pembeni ya kioo kuna kipicha cha mkasi mwekundu. Nikamuuliza hicho nini. "Hicho? Si dawa ya kasi. Mtandao ukiwa mzito unabonyeza hapo, unakuwa mwepesi. Kwani wewe fundi hunayo?" Gesti, mkasi mwekundu. Ofisi ya kwaya, mkasi mwekundu, na mwalimu wa kwaya akaniapia kwamba wao wanabonyeza kidogo tu, wakati wa kupandisha nyimbo. Kila niliyemuuliza kaitoa wapi, alinyoosha kidole upande mmoja.

Jamaa wa laibrari ya muvi alinipokea vizuri. Ni mtu mwema, lazima niseme, na hilo ndilo linalonikera zaidi. Mtu mbaya ningepata raha ya kumchukia. Nikamuuliza kwa nini anawagawia watu kitu kile.

"Nyongeza," akasema.

"Nyongeza ya nini?"

"Dada, ukinunua fungu la nyanya huongezwi? Ukinunua kopo la dagaa, mama wa watu haongezi kiganja juu? Mteja akijaza flashi yangu, mimi nimwache aondoke hivihivi? Namwongezea dawa ya kasi."

"Unajua inavyofanya kazi?"

"Inaongeza kasi."

"Inaongeza kwa kukata wengine! Inaidanganya kila mashine ya mtaa huu kwamba yenyewe ndiyo lango, halafu inatupa vya watu!"

Akafikiri kidogo. "Haikati. Inapunguza. Na inawapunguza wale wasiokuwa na shida wakati huo."

"Nani aliyekwambia hawana shida?"

"Wangekuwa na shida si wangebonyeza na wao?"

Jamani. Nilikaa kwenye benchi lake la wateja nikashika kichwa. Mtaa mzima ulikuwa umegawiwa uongo kama unavyogawiwa kisamvu, bure, kwa moyo safi, na kila mmoja alikuwa anashangaa kwa nini mtandao wake umekuwa mzito, anabonyeza, anamkata jirani, jirani anashangaa, anabonyeza.

Nikarudi zahanati. Nikamwambia dada wa mapokezi asogee. Nikaanza kufunga madirisha ya kompyuta yake moja baada ya jingine, na chini kabisa, pembeni, ukatokea mkasi mwekundu. Nikamgeukia. Yeye mwenyewe alianza kulia.

"Ningefanyaje? Mtoto wa mama dagaa analia hapa mbele yangu, kiduara kinazunguka. Nikaenda kwa jamaa wa muvi kujaza nyimbo kwenye flashi, nikamweleza shida yangu, akanipa. Nilipobonyeza mara ya kwanza, kadi ikapita palepale. Nikasema Mungu mkubwa."

Nilijua sina haki ya kumfokea. Nikamfokea hivyohivyo, mpaka nesi akatoka kutazama kuna nini.

Nikaifuta ile dawa kwenye kompyuta yake. Kisha nikaiandikia kwa mkono namba halisi ya kiwandani ya ruta, nikaikaza isibadilike, ili hata mtaa mzima upige kelele kwamba lango ni mimi, yenyewe isisikie. Hiyo ni kinga, lakini ni kinga ya upande mmoja. Na ruta nayo inatakiwa ijue zahanati ni nani ili ipeleke majibu, na ruta tuliyopewa na kampuni, ile ya bure, haikuwa hata na mahali pa kuandika jambo kama hilo. Kwa hiyo swali likawa linatoka salama, jibu linapelekwa kwa fundi cherehani, linatupwa. Dawa ya kweli ilikuwa ileile niliyoisema mwanzo: kuweka mbele ruta nyingine yenye akili, igawe njia mbili zisizosikiana, huku zahanati, huku mtaa. Ruta hiyo nilikuwa nayo, ya kwangu, ilikuwa chini ya kitanda inakula vumbi. Nilikuwa tayari kuitoa bure. Kilichotakiwa ni ruhusa tu.

Kikao kikakaa Jumapili baada ya ibada, uani kwa mwenyekiti. Nilieleza mpaka koo likaniuma. Mmoja akasema mashine haina mdomo, itadanganyaje. Mwingine akasema zahanati inataka kujitenga kwa sababu sasa ina wagonjwa wa bima, imekuwa tajiri. Mganga mwenyewe, ambaye nilikuwa namtetea, akasimama akasema yeye hana neno, yuko pamoja na wenzake. Aliogopa kuitwa mchoyo! Nikamwambia mwenyekiti, "Baba, usipoziba ufa utajenga ukuta." Akanijibu, "Tutaujenga wote, mwanangu," na uwanja mzima ukaangua kicheko. Yule mama wa dagaa alikuwa amekaa nyuma na wanawake wenzake, mtoto amemlalia begani. Yeye hakucheka, lakini hakusema kitu pia.

Wakaazimia mawili. La kwanza, kila mtu aiache dawa ya kasi. Wote wakaitikia ndiyo, kwa sauti moja. La pili, kwa kuwa waya ni wa chama na mashimo walichimba wote, mtu yeyote asiguse lile sanduku bila kikao. Hapo waliitikia kwa nguvu zaidi.

Kesho yake asubuhi niliiuliza kompyuta, lango ni nani. Lilikuwa fundi cherehani. Nilipomfuata akasema, "Ah, dada, nilibonyeza kidogo tu." Mchana lilikuwa gesti. Kidogo tu. Hiyo kidogo tu, kama ningekuwa na uwezo, ningeifuta kwenye lugha.

Kisha ikaja siku yenyewe. Mtaani kulikuwa na msiba. Bibi mmoja mkongwe, Mkristo, mpendwa wa watu, alikuwa anaagwa nyumbani kwake mchana ule kabla ya kupelekwa makaburini. Karibu mtaa mzima ulikuwa huko. Mimi nilikuwa nimepita zahanati mara moja tu kuchukua koleo langu, niende msibani. Mama dagaa akaingia mbio, mtoto mgongoni. Akamshusha. Midomo ya mtoto ilikuwa imepauka, macho yamekuwa ya njano. Alikuwa halii, na hilo ndilo lililonitisha.

Mganga alimpima upesi. Damu imeshuka sana, akasema, aende sasa hivi. Gari la zahanati likawashwa. Dada wa mapokezi akamwekea mtoto kidole kwenye kimashine. Kiduara kikaanza.

Nikaifungua ile orodha. Lango lilikuwa laptopu ya jamaa wa muvi; ile namba nilikuwa nimeshaikariri. Nikampigia, hapokei. Nikapiga tena. Nikatoka mlangoni na simu yangu, nikasimama juu ya tofali, nikanyoosha mkono ili nimgawie dada data zangu. Hakuna. Nikarudi ndani. Kiduara kinazunguka. Mganga anatembea toka ukuta huu mpaka ule, anasema tungoje kidogo, itarudi. Mama akanishika mkono.

"Fundi, fanya kitu."

"Nafanya, mayu."

"Fanya basi!"

Nilitoka nje, nikafungua lile sanduku, nikang'oa. Fundi cherehani, nje. Gesti, nje. Kwaya, nje. Laibrari ya muvi, nje. Nilizing'oa kwa vidole, mchana kweupe, jua linaniona, nikabakiza waya wa zahanati peke yake. Ndani nikasikia dada wa mapokezi anapiga kelele, "Imepita! Imepita!" Printa ikakoroma. Mama akatoka na karatasi mdomoni na mtoto mikononi, akaingia garini, wakaondoka.

Nilikuwa bado nimeegemea ukuta, jasho linanitoka, nilipomwona jamaa wa muvi anakuja mbio kutoka msibani, na shati lake jeupe la mazishi. Nyuma yake wanaume wengine. Nilidhani ni habari ya sinema zake. Nikamwanza mimi, "Si tulikubaliana muache ile dawa?"

"Umekata waya?" akauliza. Hakuwa amekasirika. Machozi yalikuwa yanamtoka.

Marehemu alikuwa na binti mmoja tu, anafanya kazi mbali kusini, na mvua ilikuwa imekata barabara. Hakuweza kufika. Jamaa akajitolea: akapeleka waya mpaka uani kwa marehemu, akaweka laptopu juu ya kiti kando ya jeneza, ili binti amuage mama yake kwa video. Na ili picha isigande, akabonyeza mkasi. Binti alikuwa ameanza kuongea na mama yake, kwa Kisukuma, watu wamenyamaza kimya, ndipo kioo kikazima. Wakangoja. Mchungaji akangoja. Jua halikungoja, na njia ya makaburini ni ndefu. Wakafunga jeneza.

Kwanza nilitaka kukaa chini pale vumbini. Kisha nikapata hasira, hasira ya kweli, kwa sababu hakuna hata kimoja katika mambo yale kilicholazimika kutokea. Waya ule ulitosha kwa mtoto na ulitosha kwa msiba. Wao walikwenda kuzika. Mimi nilikwenda kwangu, nikatoa ruta yangu chini ya kitanda, nikagawa zile njia mbili, nikawarudishia majirani nyaya zao zote upande wao na zahanati upande wake. Tangu siku ile kadi hazijakwama tena kwa ajili ya uongo wa mtu. Hilo hakuna aliyelisema popote.

Baada ya kuondoa matanga nikaitwa. Mwenyekiti alisema taratibu, bila chuki. Niseme nimekosa, nitoe mbuzi, yaishe. Nikajibu kwamba kwa yule binti wa marehemu nitapiga magoti popote aliko, na nilishampigia simu nikalia naye. Lakini kwamba nilikosea kung'oa, siwezi kusema.

"Yule mtoto angekufa, baba."

"Hatujakuuliza habari za mtoto. Sote tunampenda. Tumekuuliza habari ya waya. Tulisema bila kikao, au hatukusema?"

"Ningeitisha kikao saa ngapi?"

"Mlango wangu uko wazi, na mtaa wote ulikuwa pale uani kwa marehemu. Ungekuja ukasema neno moja."

Na sijui. Labda alikuwa na haki. Kutoka zahanati mpaka kwa marehemu ni mwendo wa kupiga kelele tu. Lakini nilikuwa nimeshasema nao mpaka koo likaniuma, na walicheka. Nikakataa kutoa mbuzi. Wakanitenga, kama wazee wa Kisukuma walivyotenga toka zamani. Hakuna kunisalimia, hakuna kuniuzia, hakuna kunipa moto wala maji. Atakayevunja atatoa mbuzi na yeye, na atafutwa kwenye chama cha kuzikana.

Ukitaka kujua maana ya kuchoka, tengwa. Muuza duka anatazama juu ya kichwa chako kana kwamba wewe ni dirisha. Nilikuwa napanda pikipiki mpaka mji wa pili kununua chumvi. Mganga alinilipa kwa simu, bila neno. Dada wa mapokezi akiniona anaingia ndani, na najua alikuwa anaingia kulia. Hasira ilinishika hadi nikawa naongea peke yangu jikoni, nawajibu hoja zao zote, nashinda kila kikao.

Mtoto alirudi. Nilimwona kwa mbali kwanza, anaruka kamba na wenzake, nikashukuru Mungu peke yangu. Halafu asubuhi moja natoka na begi langu kwenda kazini, tukakutana pale njia panda uso kwa uso. Mama ana beseni la dagaa kichwani, mtoto kashika kanga yake, kavaa sare ya shule. Fundi cherehani alikuwa barazani kwake. Mguu wake ulisimama kwenye kanyagio. Kina mama wa mbogamboga nao walinyamaza.

Mama alinitazama mara moja, akashusha macho. Sikumlaumu, na hata leo simlaumu. Mwenye mtoto wa selimundu hawezi kukubali kufutwa kwenye chama cha kuzikana.

Lakini mtoto hakuna aliyemweleza. "Shikamoo, fundi!"

Nikiitikia, itasemwa wameongea na mimi. Watu walikuwa wanangoja. Nikainama, nikajifanya nahangaika na zipu ya begi.

"Shikamoo!" akarudia, kwa sauti zaidi. Kisha nikamsikia anauliza, "Mama, hajanisikia?"

"Hajakusikia," mama akasema. "Twende."

Wakaanza kwenda. Mtoto anavutwa, miguu inaburuza, shingo ameigeuza nyuma, na akapiga kelele kwa nguvu zote za ile damu mpya, "Shikamoo, fundi! Shikamoo!" Nilikuwa bado nimeinama. Zipu ilikuwa imeshafungika kitambo.